Deni la Mtunga Sinema

Mwaka 1945 maelfu ya wanaume walishuka kutoka Milima ya Upare wakapiga kambi Same, penye makao ya wilaya, wakiikataa kodi iliyokadiriwa kwa mali ya kila mtu, nayo ikiitwa mbiru. Mwaka uliofuata wanawake wa Usangi nao walitoka kumkabili ofisa wa serikali, maana waume walikuwa mbali, na kazi ya shamba na nyumba imewaelemea wao. Habari hizo ziliandikwa kwanza na upande ule ule uliokabiliwa. Ilipita robo ya karne kabla Isaria Kimambo, mzaliwa wa Upare aliyezoea kuketi na wazee na kuwasikiliza, hajaitolea mbiru kitabu mwaka 1971.

Basi mtu achukuapo maisha ya wengine akayasimulia, awiwa nini nao?

Swali hilo lilimfuata kwa miaka mingi Mira Nair, mwanamke wa Kihindi aliyezaliwa Rourkela mwaka 1957. Ujanani alikuwa mwigizaji wa jukwaani, Delhi na baadaye Harvard, Marekani. Mwigizaji huazimisha uso wake kwa maneno yaliyotungwa na mwingine, na yakienda kombo lawama hugawanywa. Nair aliliacha jukwaa akashika kamera, akaanza na sinema za watu halisi. India Cabaret, ya mwaka 1985, ilihusu wanawake wachezao katika nyumba za starehe za Bombay. Katika sinema ya namna hiyo anayeonekana hawezi kuvua vazi la mchezo akaenda zake. Kesho ataamka na jina lile lile, na majirani wale wale.

Kisha mwaka 1988 ikaja Salaam Bombay! Watoto wa mitaani walifundishwa kwa majuma kadhaa, wakaigiza maisha yaliyo jirani sana na yao. Sinema ikapata huko Cannes tuzo ya kazi ya kwanza iliyo bora, na kutokana nayo kukaanzishwa shirika la kuwatunza watoto wa mitaani, Salaam Baalak. Hapana shaka hilo lilikuwa tendo la haki, na watunga sinema wengi hawakufanya hata nusu yake. Hata hivyo kijana aliyebeba sehemu kuu, ambaye taifa lake lilimtuza, alikuja kuwa dereva wa bajaji huko Bangalore.

Udereva ni kazi ya halali, wala haimwaibishi mtu. Linalosumbua ni jingine. Nair alivuka kutoka kutazamwa hadi kutazama. Kijana yule hakuonyeshwa kivuko. Fedha na malazi ni malipo ya kweli, lakini humwacha mlipwaji pale pale mbele ya kamera.

Kwa sababu hiyo kazi aliyoianzisha Kampala mwaka 2004 yastahili kupimwa kwa mizani tofauti. Aliita chuo chake Maisha, kwa Kiswahili, na humo vijana wa Uganda, Kenya, Tanzania na Rwanda wakafundishwa bila malipo kutunga na kuongoza sinema zao wenyewe. Hapo deni lalipwa kwa sarafu yake hasa.

Yupo atakayesema kwamba afadhali mgeni asingegusa habari za watu tangu mwanzo. Sinema yake ya mwaka 1991, Mississippi Masala, inasimulia Wahindi waliofukuzwa Uganda na Idi Amin mwaka 1972, naye hakuwa miongoni mwao. Hoja hiyo ina uzito, ila ikifuatwa hadi mwisho yaua zaidi ya iliyokusudia kuua: Kimambo, mwanamume, angefumba kinywa juu ya wanawake wa Usangi, na habari yao ingebaki katika majalada ya serikali. Ugeni wenyewe si kosa. Kosa ni kuondoka na kila kitu, hata njia ya kusimulia.

Mtu akipanda leo kutoka Same hadi Usangi, na kamera begani, akitaka sinema juu ya mwaka 1946, atakutana na wajukuu wa wanawake wale. Huenda wakamkaribisha, wakampa kiti na chai. Huenda pia mmoja wao, kabla hajasema neno juu ya bibi yake, akaomba kwanza aonyeshwe namna kamera ile inavyoshikwa.