Rweya na Jicho la Mchoraji



Mtu asafiriye kutoka Bukoba kwenda Muleba huona nchi ya namna mbili. Kwanza ni vibanja, yaani migomba na mibuni iliyosongamana kuzunguka nyumba. Kisha ni rweya, uwanda wa majani ulio wazi juu ya vilima, usio na kivuli. Kibanja chaheshimiwa, rweya yadharauliwa, kwa kuwa udongo wake ni hafifu. Walakini majani ya rweya ndiyo yaliyoezeka misonge ya wazee wetu, ndiyo yaliyotandazwa chini ya migomba, ndiyo yaliyolisha ng'ombe waliotoa samadi ya kibanja.

Basi, ni nani kati yetu aliyepata kuitazama rweya kwa ajili ya uzuri wake? Kitabu cha Mwanzo chatufundisha kwamba Mungu alivitazama vyote alivyoviumba, akaona ni vyema. Kutazama hivyo ndiko mwanzo wa kazi ya mchoraji. Na katika Kitabu cha Kutoka twasoma habari za Bezaleli wa kabila la Yuda, aliyejazwa roho ya Mungu ili afanye kazi za ustadi. Ustadi wa mkono, basi, ni kipaji kitokacho juu.

Twaweza kujifunza kwa Elimo Njau, mzaliwa wa Marangu, Kilimanjaro, mwaka 1932, aliyesoma uchoraji Makerere. Mwishoni mwa miaka ya 1950 alichora maisha ya Bwana Wetu katika kuta za kanisa la Waanglikana huko Murang'a, Kenya, lililojengwa kuwakumbuka waliouawa wakati wa vita vya Mau Mau. Hakuchora milima ya Ulaya. Alimweka Kristo kati ya Waafrika, katika nchi ile ile iliyokuwa imelia. Waliofiwa waliweza kuona kwamba Mkombozi aliteseka mlangoni pao. Mwaka 1965 alikuwa miongoni mwa walioanzisha nyumba ya sanaa ya Paa ya Paa, Nairobi; naye alifundisha kwamba kuiga ni kumlaza Mungu usingizi.

Mama Kanisa naye asema vivyo hivyo. Mtaguso wa Pili wa Vatikano, katika hati yake juu ya Liturujia ya mwaka 1963, ulitamka kwamba Kanisa halikujichagulia mtindo mmoja wa sanaa, na kwamba sanaa ya kila taifa yaweza kumtumikia Mungu kwa heshima ipasayo.

Enyi wazazi, mtoto achoraye kwa mkaa ukutani mwamwitaje? Mtundu, mvivu, mpoteza wakati. Mwampiga, na kipaji chafa kabla hakijajulikana. Na wakati hautungoji. Sehemu nyingi za rweya zimekwisha kupandwa mikaratusi na misonobari. Hatulaumu, kwa maana kuni na mbao zahitajiwa. Lakini asipopatikana wa kuichora, wajukuu wetu wataisikia kwa jina tu.

Basi mnunulieni mtoto huyo karatasi na kalamu za rangi. Mwonyesheni ziwa, magenge na majani yainamayo kwa upepo. Nanyi walezi wa parokia, mkitafuta picha ya Noeli, mwulizeni kwanza kijana wa kigango chenu. Huenda Mungu amekwisha kumweka hapo, naye angoja kuitwa.