Huruma ya Hakimu Hulipwa na Nani?

Ukivuka mpaka kutoka Busia ya Kenya kuingia Busia ya Uganda, na ukaendelea hadi Tororo, fedha, mavazi ya polisi na namba za magari hubadilika. Kifungu kimoja cha sheria hakibadiliki. Kenya ni kifungu cha 96 cha Sheria ya Mwenendo wa Madai. Uganda, katika toleo la mwaka 2000, kilikuwa cha 97. Vyote viwili vina asili moja, kifungu cha 149 cha sheria ya India ya mwaka 1908, iliyoletwa huku na Waingereza. Kinasema hivi: ada ya mahakama isipolipwa, yote au sehemu yake, hakimu anaweza kwa hiari yake, katika hatua yoyote ya kesi, kumruhusu mhusika ailipe. Akishalipa, hati yake inakuwa na nguvu ile ile kana kwamba ada ililipwa tangu mwanzo.

Jambo hilo linanishangaza kila nikilifikiria. Malipo ya Jumatatu yanahesabiwa kuwa ya Alhamisi iliyopita. Sheria, ambayo kwa kawaida inashika tarehe kwa ukali, hapa inampa mtu mmoja uwezo wa kuipanga upya jana.

Wapo waliokataa mlango huo uachwe wazi sana. Mwaka 1970, katika shauri la UNTA Exports dhidi ya Forodha, Mahakama Kuu ya Uganda ilisema hakuna sababu ya kisheria wala ya kimaadili ya kuihesabu hati kuwa imewasilishwa kabla ada yake haijalipwa. Naielewa hoja hiyo. Bila risiti, masjala ingejaa kesi za watu wasio na nia ya kuziendesha, ila wanataka tu jirani alale na hofu.

Lakini tuulize ada hiyo ni deni la nani. Ni la serikali. Mdaiwa anayesimama mahakamani akipinga kwamba mwenzake alichelewa kulipa analalamikia deni lisilo lake. Chukua mama anayeuza dagaa sokoni Busia, aliyemkopesha mzigo mfanyabiashara wa Tororo. Analeta hati yake kwa karani, anatajiwa kiasi, anahesabu noti alizonazo, hazitoshi. Anarudi wiki inayofuata na kilichobaki. Kama muda wa kudai bado upo, sioni mdaiwa amepoteza nini. Hapo hakimu anatoa ruhusa kutoka mfuko wa serikali, na Katiba ya Kenya ya 2010, ibara ya 48, imeshasema ada isiwe kizuizi cha haki. Ile ya Uganda ya 1995, ibara ya 126, inataka haki yenyewe itangulie mbele ya ufundi wa taratibu.

Sasa weka miaka sita katikati. Pande zote mbili za mpaka, madai ya mkataba yana ukomo wa miaka sita. Mama alileta hati siku ya mwisho na akalipa baada ya siku hiyo kupita. Hakimu akiruhusu, anamnyang'anya mdaiwa kinga ambayo sheria ilikwisha kumpa. Huruma ni ile ile, ila safari hii anayeilipia ni mtu mwingine, pengine mtu aliyekwisha kutupa daftari la mauzo akijua mambo yamekwisha.

Kwa maoni yangu, hiari ya hakimu isipime kuchelewa kwa idadi ya siku peke yake. Ipime nani anabeba gharama, na mdai alifanya nini na uwezo aliokuwa nao. Umaskini wa kweli ni sababu ya kutosha. Amri ya 33 ya kanuni za nchi zote mbili tayari inamruhusu fukara kushtaki bila kutanguliza ada, ingawa wengi sokoni hawajawahi kuisikia na karani mwenye foleni ndefu haielezi. Aliyeshusha makusudi thamani ya madai ili alipe kidogo hana cha kuomba.

Ukomo ukiwa umeshapita, nadhani mama yule bado anastahili ruhusa, kwa kuwa hati yake ilifika kwa wakati na alilipa alipoweza. Ila mfanyabiashara wa Tororo aitwe kwanza, aulizwe amepoteza ushahidi gani, na jibu lake liandikwe katika uamuzi kabla ya ruhusa kutolewa.