Mwiba Hauna Hatia

Mkulagembe ni kichaka cha jamii ya kunde kinachoota katika nyika kavu za Afrika, na ukiuona wakati wa maua ni vigumu kuuchukia. Kila shada linaning'inia likiwa na rangi mbili: juu zambarau iliyopauka, isiyozaa kitu, na chini manjano, ambayo ndiyo hutoa maganda ya mbegu. Lakini tawi hilohilo lina miiba inayotoboa hata tairi la trekta, na mkulima aliyeuendea kwa panga anajua kwamba kuukata ni kuuzidisha, maana mizizi huchipua upya kila upande. Kwa mtu huyo swali la kale la dini ni jambo la shambani hasa: je, mwiba ni uovu ulioingia duniani kwa dhambi ya binadamu, au ni kiumbe chema kama vingine?

Wengi hujibu upesi kwamba ni uovu. Kitabu cha Mwanzo, sura ya 3, kinaitaja miiba katika hukumu aliyopewa Adamu, na Kurani, katika Suratul-Waqia, inataja mikunazi ya Peponi isiyo na miiba. Msikilizaji wa mawaidha huyaunganisha mawili haya na kuhitimisha kuwa mwiba ni muhuri wa laana. Naona hapo tumekwenda mbali kuliko maandiko yenyewe. Kusema mti wa Peponi hauna mwiba ni kueleza raha ya anayechuma; hakuhukumu mwiba wa duniani. Na kuhusu Mwanzo, Augustino, askofu wa Hippo katika nchi iitwayo leo Algeria, aliona jambo ambalo wahubiri wengi hulipita: ardhi inaambiwa imzalie Adamu miiba, yaani imsumbue yeye. Mimea yenyewe ingeweza kuwapo tangu mwanzo, ikiwa chakula cha wanyama. Kilichogeuka ni uhusiano wake na mkulima. Karne nane baadaye mwanateolojia Thomas Aquinas alilishika wazo hilo, na sioni kama kuna aliyelivunja.

Nyika nayo inatoa ushahidi. Miti ya miiba ilienea Afrika mamilioni ya miaka kabla ya binadamu kushika jembe, katika zama zilezile ambazo jamii za swala na wala-majani wengine zilikuwa zikiongezeka. Kazi ya mwiba inaonekana hadi leo. Haumfukuzi mbuzi wala twiga. Unampunguzia kasi tu, achume kidogo kidogo, tawi libaki na majani ya kuliendesha. Baadaye mti wenyewe huwaita walaji haohao kwa maganda matamu, na mbegu zinasafiri katika samadi. Ndege hujenga viota humo ndani, na mizizi, kwa msaada wa bakteria, hurutubisha udongo kwa naitrojeni. Kiumbe kinachompa mlaji kiasi chake na kujiwekea chake, ukikiita laana, unalitumia neno hilo ovyo.

Mpinzani atasema haya ni maneno ya mtu asiyelima. Amwendee mkulima wa Cuba. Huko mkulagembe ulifika katika karne ya 19, nao huitwa marabú. Baada ya Muungano wa Kisovieti kuanguka, na hasa karibu nusu ya viwanda vya sukari vilipofungwa kuanzia 2002, mashamba makubwa yaliachwa, na marabú ikayameza. Tarehe 26 Julai 2007, akihutubia Camagüey, Raúl Castro, kaimu rais wa wakati huo, aliitania kuwa ndiyo iliyopendeza zaidi kandokando ya barabara. Je, hasara hiyo si ya kweli? Ni ya kweli kabisa. Lakini mmea haukubadili tabia ulipovuka bahari. Chukua mfano wa deni: halimo mwilini mwa anayedai wala mwa anayedaiwa. Limo kati yao, na bado nyumba hupigwa mnada kwa ajili yake. Ubaya wa mkulagembe uko vivyo hivyo kati ya mmea na mtu aliyelitelekeza shamba, na katika jozi hiyo mwenye akili ya kujibu ni mmoja tu.

Wailchamus wa Baringo, nchini Kenya, walilielewa hili kuliko wanafalsafa wengi. Mathenge, mti mwingine wa miiba wa jamii ya kunde, uliletwa huko kutoka Amerika ili kupambana na ukame, ukateka malisho, na maganda yake yenye sukari yakaharibu meno ya mbuzi. Walipokwenda mahakamani wakiwa na mbuzi kibogoyo, waliyemshtaki ni serikali.

Pingamizi zito zaidi ni kwamba mkulagembe huteka malisho hata kwao, kama ilivyotokea Namibia, na ng'ombe anayekosa nyasi hakutenda dhambi yoyote. Sina jibu linaloondoa maumivu ya ng'ombe huyo, na hoja yangu haidai kueleza malaria wala tetemeko. Inadai jambo dogo tu: kwenye mwiba, tukifuata chanzo cha madhara, mara nyingi tunakuta mifugo iliyojazwa kupita uwezo wa ardhi, moto wa nyika uliozimwa usichome miche, na walaji wa vichaka waliowindwa wakaisha. Basi mhubiri anayetafuta mfano wa laana auache mkulagembe, kwanza awaulize waumini wake malisho yale yalimalizwa na nani.