Maiti Hasikii Maumivu

Juni 2011, bodi ya Uingereza inayokagua filamu iliinyima cheti The Human Centipede 2 ya Mholanzi Tom Six. Mhusika wake, mlinzi wa maegesho ya magari, ametazama filamu ya kwanza mpaka imemtawala akili; anateka watu na kuwaunganisha miili, mmoja nyuma ya mwingine. Oktoba ikaruhusiwa, baada ya kukatwa dakika 2 na sekunde 37.

Mvuto wake unaeleweka. Vijana hukaa pamoja kupimana nani atafumba macho kwanza. Na watetezi wake, ambao hata hosteli zetu hazijawakosa, wana hoja nzito: damu ni rangi, nyama ni mpira, hakuna aliyeumia. Kosa liko wapi? Kumjibu mtu kama huyo "haramu, zima" ni kumkimbia.

Tuanze na maiti. Hasikii maumivu, lakini Mtume (s.a.w.) alikataza kumkatakata, hata awe adui aliyekuja kutuua, na akafundisha kwamba kuvunja mfupa wake ni kama kuuvunja wa aliye hai. Basi hurma ya mwili haikujengwa juu ya maumivu peke yake, na "hakuna aliyeumia" inakuwa nusu ya jibu.

Utasema mpira si maiti. Kweli, wala sidai hukumu yake ni moja. Swali langu ni la jicho. Mwosha maiti huuona mwili ukiwa hauna namna ya kujisitiri. Huufunika kitovu hadi magoti, na akitoka hasimulii aibu aliyoiona. Mwanafunzi wa udaktari hupasua kwa haja, akajifunza kutibu. Jicho linaloketi mbele ya filamu ya Six limekuja kutafuta nini? Kama ni kujua litavumilia mpaka wapi, basi kila likizoea litataka zaidi, na kinachozoeleka ni mwanadamu kuchezewa.

Hata hivyo sizitii zote kapu moja. The Substance ya Mfaransa Coralie Fargeat (2024) inatia kichefuchefu vilevile, ila nyuma yake kuna mwanamke anayeuchukia mwili wake kwa sababu umezeeka. Dada anayejichubua kwa mkorogo angeielewa bila kufafanuliwa. Huruma ile nimeiona. Bahati mbaya, uchi umejaa humo, na kwa huo hatuhitaji mjadala mrefu.