Hoja Iliyoanguka Haijafa

Binti yangu, umesema unataka kuwa mbunge. Nimefurahi, na kwa sababu nimefurahi sitakulisha maneno matamu. Nitakupa maisha ya mwanamke mmoja uyapime: Mama Phoebe Asiyo, aliyekuwa mbunge wa Karachuonyo nchini Kenya, aliyezaliwa mwaka 1932 na kutuaga Julai 2025. Wengi wanamtaja kwa viti alivyokalia. Mimi nataka umjue kwa hoja aliyoshindwa.

Tazama kwanza alikotoka kabla ya kuomba kura. Alikuwa mwalimu. Mwaka 1958 akawa Mwafrika wa kwanza kuongoza Maendeleo ya Wanawake, chama ambacho hadi hapo uongozi wake ulikuwa mikononi mwa wanawake wa Kizungu. Akaingia idara ya magereza, akapanda vyeo, akasimamia wafungwa wanawake na kudai watengwe na wanaume. Mzee Jomo Kenyatta akiwa bado kizuizini, Asiyo alikuwa miongoni mwa wanawake waliokwenda kumuuliza: uhuru ukija, sisi tutakuwa na nafasi gani? Kwa hiyo aliposimama mbele ya wapiga kura wa Karachuonyo mwaka 1979 na kushinda, hakwenda mikono mitupu. Alikuwa na kazi ya miaka ishirini nyuma yake.

Siku hizi naona vijana wanaanza na mabango. Picha inabandikwa ukutani kabla mtu hajakaa hata kwenye kamati ya maji ya kijijini. Usiige hayo. Ingia bodi ya shule, shika daftari la chama cha akina mama, jifunze kuandika kumbukumbu za mkutano na kusoma hesabu hadi ujue pesa ilipopotelea. Mtaka cha mvunguni sharti ainame. Huko ndiko watu watakapokujua, na mtu anayejulikana kwa kazi hasumbuki sana kujieleza jukwaani.

La pili, kiti si mali yako. Asiyo alikipoteza, akakaa nje miaka, kisha akarudi mwaka 1992 uchaguzi wa vyama vingi uliporejea. Mwaka huo wanawake waliochaguliwa walikuwa 6 tu kati ya wabunge 188. Hiyo tayari ilikuwa hatua, kwa sababu mwaka 1969 Grace Onyango wa Kisumu alikuwa ndiye mwanamke wa kwanza kabisa kuchaguliwa na wananchi kwenda bungeni. Ukishindwa, lia kwa mama yako, halafu urudi kwenye kazi uliyokuwa ukiifanya kabla ya uchaguzi. Kama huna kazi ya kurudia, basi ulikuwa ukitafuta cheo, na wapiga kura hawakukosea.

Sasa sikiliza hili, kwa maana ndilo lililonifanya nikuite. Mwaka 1997, muhula wake ukielekea ukingoni, Mama Asiyo alisimama bungeni akawasilisha hoja kwamba wanawake watengewe thuluthi moja ya nafasi za uongozi. Wabunge wakaiangusha. Mtu mwingine angekwenda nyumbani akasema nilijaribu. Yeye akaendelea, akawa mmoja wa makamishna wa tume ya kurekebisha katiba. Katiba ilipozinduliwa tarehe 27 Agosti 2010, Kifungu cha 27 kikasema kwamba katika vyombo vya kuchaguliwa au kuteuliwa, watu wa jinsia moja wasizidi thuluthi mbili. Kile kilichokataliwa ukumbini miaka 13 iliyotangulia kikawa sheria kuu ya nchi. Hakuna anayeweza kusema ni kazi ya mtu mmoja, maana waliosukuma ni wengi. Lakini kuna aliyekubali kushindwa hadharani ili neno hilo liingie kwenye kumbukumbu za Bunge.

Tena katiba hiyo ilileta viti 47 vya wawakilishi wa wanawake wa kaunti. Wako wanaovidharau viti hivyo. Usiwasikilize, ila usikifanye kiti hicho kuwa mwisho wa safari. Huko Homa Bay, kaunti lilimo eneobunge la Karachuonyo, Gladys Wanga alianza kama mwakilishi wa wanawake mwaka 2013, na mwaka 2022 akachaguliwa gavana.

Hata hivyo deni bado lipo. Katika uchaguzi wa 2022 wanawake walishinda maeneobunge 29 kati ya 290. Mswada wa kuitekeleza ile thuluthi ulihitaji kura 233, na Februari 2019 ulianguka kwa sababu idadi hiyo haikutimia ukumbini. Elewa hapo, binti yangu. Haukushindwa kwa hotuba kali. Ulishindwa kwa watu kutofika. Mwaka uliofuata Jaji Mkuu David Maraga alimshauri Rais avunje Bunge kwa kushindwa kutekeleza katiba, lakini Bunge halikuvunjwa.

Kwa hiyo, ukifika huko, usitegemee ulimi wako peke yake. Soma Kanuni za Kudumu za Bunge mpaka spika asiweze kukuzima kwa kifungu usichokijua. Jifunze kuhesabu: nani yuko nami, nani anasitasita, nani atapanda ndege siku ya kura. Mfuate anayesitasita mezani anapokula, umwendee na mke wake pia, na mchungaji au imamu wake. Zungumza na wabunge wanaume bila kuwanyenyekea na bila kuwatukana, kwa maana kura zao unazihitaji. Na watakaokusema juu ya ndoa yako, mavazi yako na sauti yako, wajibu kwa rekodi ya kazi.

Usiombe maisha ya ushindi mtupu. Omba upewe jambo moja kubwa la haki, ulishike hata likikataliwa, ulikabidhi kwa watakaokuja nyuma yako likiwa limeandikwa vizuri. Mama Asiyo alilishika lake hadi likaingia kwenye katiba. Kulitimiza ni zamu yenu. Nenda, mwanangu, na Mungu akutangulie.