Nani huchora mpaka wa lugha?

Mkomo na Mkusu, wote wa mashariki mwa Kongo, wakikutana husemezana Kiswahili, maana lugha zao za nyumbani hazisikilizani. Lakini Kikusu cha Maniema na Kitetela cha Sankuru vinasikilizana vizuri. Kilichowatenga wasemaji ni utawala wa Tippu Tip, mfanyabiashara kutoka Zanzibar, na wenzake, kisha Wabelgiji waliowagawa kati ya Kivu na Kasai. Ndivyo ilivyo kwa Kiserbia na Kikroatia: sarufi karibu moja, ila wengi huku ni Waorthodoksi, kule Wakatoliki.

Basi lugha ni siasa tu? Sikubali. Kipolandi na Kiukraini ni ndugu, lakini Mpolandi asiyejifunza Kiukraini hupotea katikati ya mazungumzo, na hapo tofauti ya herufi za maandishi yao haina lawama. Tofauti ni za kweli. Kuamua zipi zihesabiwe ndiko kulikokuwa mikononi mwa watawala, na Wakusu hawakuulizwa.