Jina la Furu

Mtu akishuka ufukoni Butimba na kuuliza, "Samaki gani huyu?" ataambiwa, "Furu." Akionyesha mwingine mwenye rangi na umbo mbalimbali, ataambiwa vile vile, furu. Je, kuwaita wengi kwa jina moja ni kosa? Na kiumbe asiye na jina lake mwenyewe akitoweka, nani atamdai?

Wataalamu wa chuo kikuu cha Leiden, Uholanzi, walianza kazi Mwanza mwaka 1977, wakavua katika ghuba yetu, na hori ya Butimba mojawapo. Waliwapanga furu kwa jinsi walavyo, maana meno na taya huonyesha riziki ya mwenyewe. Wako walao tope, wavunjao konokono, walao samaki wenzao, hata wang'oao magamba ya wengine. Tena wako wa kuogofya: furu jike hulea mayai na watoto kinywani mwake, na hawa humnyang'anya humo humo na kuwameza. Msikiaji hutaka kuwaita waovu. Lakini samaki hana sheria aliyoivunja. Kumwita "mla watoto" kwa mtu ni mashitaka, kwa furu ni habari ya riziki tu.

Ziwa zima hudhaniwa kuwa na aina zaidi ya 500. Kazi ile ya Adamu haikwisha bustanini! Mmoja, ambaye dume lake ana mgongo mwekundu na mistari myeusi ubavuni, aliitwa Haplochromis nyererei mwaka 1985, kwa heshima ya Rais Nyerere. Na mwaka 1998 akatiwa katika kundi la Pundamilia, neno letu wenyewe. Wengi walibaki na majina ya muda, wakingoja kuandikwa.

Nao hawakungojewa. Kiwanda kilichofunguliwa Mwanza mwaka 1976 kiliwasaga kwa tani kuwa chakula cha mifugo. Kisha sangara, aliyetiwa ziwani upande wa Uganda katika miaka ya 1950, akajaa ghubani katika miaka ya 1980. Maji nayo yaliharibika. Wataalamu walikadiria kwamba aina 200 hivi zilipotea.

Simlaumu mvuvi. Wote wakiingia chungu kimoja, jina moja latosha. Jina hufuata haja. Mifupa ya sangara ilipoanza kuuzwa sokoni, mara ikapata jina, mapanki.

Lakini haja ya chungu siyo haja yote. Katika miaka ya 1990 furu wengine walianza kuonekana tena. Mmojawapo ni Haplochromis pyrrhocephalus, yaani mwenye kichwa chekundu kwa Kiyunani, aliyeandikwa mwaka 1987. Kwa kuwa alikuwa na jina, alitambuliwa aliporudi, hata ikajulikana kwamba mwili wake umebadilika kidogo. Mvuvi husema, "Furu wamerudi," na asema kweli. Akiulizwa ni nani ambaye hakurudi, hana la kujibu. Wala mtaalamu hana, kwa wale ambao hakuwahi kuwaandika.